Leso ya Linnea

Bridget, wacha hiyo kazi usome. Pasta Naftali ameaibika leo mbele ya Askofu!

Askofu alikuja kanisani kwetu Edmonton kuchagua mwangalizi wa makanisa yetu ya London, na Naftali anakitamani hicho cheo mpaka anakiota. Basi akamwalika Linnea Chebet, yule mchezaji soka Mswidi mwenye mama Mnandi wa Kenya, anayetikisa nyavu siku hizi. Akamsimamisha madhabahuni.

"Huyu ni tunda la maombi yangu! Malmö, Italia, sasa London, nilimwombea kote!"

Alimwombea! Naftali huyu huyu!

Miaka saba iliyopita Linnea alikuja hapa kwa majaribio ya timu moja ya London, akaingia ibadani na kaptura kwa sababu alitoka mazoezini moja kwa moja. Naftali alikatiza mahubiri. "Funikeni hiyo aibu!" Binti akafungwa leso, kanga ya maua mekundu, kiunoni, akaketishwa nje kwenye ngazi, mvua inanyesha. Timu nayo ikamkataa, akarudi Uswidi analia. Wengine hatusahau.

Leo anaambiwa, "Mwanangu, toa ushuhuda."

Linnea akafungua mkoba, akatoa leso. Ile ile ya maua mekundu, imepigwa pasi!

"Pasta, nimeirudisha. Nimezunguka nayo klabu tatu. Asante kwa kunifunika."

Askofu akageuka polepole: "Ulimfunika nini, Naftali?"

Bridget, mtu anayehubiri saa tatu bila kutokwa jasho! Akaipokea leso, akajipangusa jasho nayo.