Neno Lililomuua Omwenga kwa Nusu Siku

Manga, Jumapili, 1974

Mvua imenyesha tangu alfajiri na sikwenda kanisani. Mwandiko wangu umepinda kama wa mtoto wa darasa la kwanza. Nitaandika hivyo hivyo.

Kaka yangu Omwenga, anayesoma chuo kikuu Nairobi, tulimtarajia Ijumaa. Hakufika. Mama alimpikia, akangoja, mwishowe akafunika chakula akanyamaza. Tangu Baba afariki, Mama akinyamaza namna ile mimi huogopa.

Jana asubuhi nilikwenda kazini Kisii mjini, katika duka la vitambaa la Bwana Salim. Simu ikalia. Mimi ndiye huipokea kwa sababu ya Kiingereza changu cha kidato cha nne. Alikuwa Otieno, rafiki yake Omwenga wa chuoni, anapiga kutoka Nakuru. Laini ilikuwa inakwaruza vibaya.

"Kwamboka, Omwenga crashed in Nakuru. He was dead..."

Simu ikakatika.

Nilitaka niwe nimekosea. Nilitoa kamusi yangu ya shule mkobani nikatafuta crash. Magari kugongana. Ndege kuanguka. Kitu kuvunjika kwa kishindo. Nikasoma tena mpaka chini nikitafuta maana nyingine, yoyote ile. Hapakuwa na nyingine. Na dead, kufa, haikuhitaji kamusi.

"Binti yangu, una hakika umesikia vizuri?" Bwana Salim aliniuliza.

"Nimesikia, Bwana."

"Basi tungoje apige tena."

Tulingoja. Haikulia. Mzee wa watu akafunga duka siku ya soko, akanipeleka kwa gari lake hadi barabara ilipoishia. Niliposhuka akaniambia, "Usimwambie mama yako akiwa amesimama."

Sijawahi kumwogopa mtu kama nilivyomwogopa Mama jana. Alikuwa akipalilia migomba. Aliponiona, jembe likabaki juu.

"Mbona umerudi saa hizi?"

"Mama, keti kwanza."

"Sema."

Nikamwambia Omwenga amepata ajali Nakuru. Akauliza yuko hospitali gani. Nikamshika mkono ili nimketishe.

Hapo akajua. Yowe alilopiga sitalisahau.

Majirani walijaa uani. Baba mdogo Nyakundi alikwenda kutafuta pikapu ya kufuata mwili Nakuru. Wanawake walimketisha Mama chini, wakamfunika shuka kichwani, naye akawa anaita jina moja tu, tena na tena. Mimi sikulia. Niliogopa kwamba nikilia, itakuwa kweli.

Alasiri Omwenga akatokea kwenye njia ya mteremkoni, begi begani.

Kilio kilikatika ghafla. Mwanamke mmoja alikimbilia nyuma ya nyumba. Omwenga alisimama, akatuangalia mmoja mmoja.

"Nani amekufa?"

Akanigeukia mimi.

"Kwamboka, nani amekufa? Ni Mama?"

Mama alikuwa hapo hapo mbele yake chini ya shuka, ila Omwenga hakumtambua.

"Ni wewe," nikasema.

Mama alivua shuka. Nilidhani atamrukia. Badala yake alirudi nyuma akishika ukuta, macho yamemtoka. "Kama ni wewe," alisema, "taja jina nililokuwa nakuita ukiwa mdogo." Omwenga alilitaja kwa sauti ndogo. Ndipo Mama akamwangukia, akampapasa uso, masikio, mikono, kama anayekagua mtoto aliyezaliwa sasa hivi.

Basi alilopanda na Otieno liliharibika Nakuru Ijumaa, wakalala kwa mjomba wa Otieno. Ni hayo tu. Huko chuoni, alituambia, ku-crash ni kulala popote usingizi unapokukuta, kwa rafiki, hata sakafuni. Na dead ilikuwa dead tired. Alikuwa amechoka sana, neno la pili likabaki kwenye waya.

Watu walicheka, wengine mpaka wakashika mbavu. Baba mdogo akaenda kumwomba radhi mwenye pikapu.

Mama hakucheka. Aliniuliza, "Neno moja linawezaje kuwa kulala na pia kuwa kufa?"

Omwenga naye hakula. Watu walipotawanyika alinifuata jikoni. Nilijua atanilaumu, nikaanza kumweleza habari ya kamusi. Alinikatiza.

"Nimeanza kusikia kilio nikiwa bado kule chini, Kwamboka. Nilijua ni cha kwetu. Sikujua mnanililia mimi."

Akaketi kando ya moto. "Na wewe, ulilia?"

Niligeukia moto nikauchochea. Hakuuliza tena.

Leo alfajiri, kabla mvua haijashika, nilimsikia akikohoa katika nyumba yake, kikohozi cha kawaida cha mtu aliyeamka. Nikaketi chini pale pale nilipokuwa na ndoo, nikalia mpaka kifua kikauma.

Mama amemwambia harudi Nairobi. Omwenga anasema ana mitihani. Wote wawili wananitazama mimi, kana kwamba mimi ndiye nitakayeamua.

Kesho ni Jumatatu. Atapanda basi, najua. Nami nitaanza kuogopa kabla halijawasha injini.