Filamu Uliyotutafsiria Kajiado

Mpendwa Baba,

Jumamosi nilitoka Kitengela kuja Kajiado kukusanya vitu vyako baada ya mazishi. Sandukuni nilikuta ile diski ya filamu ya Kikantoni, ya zamani sana, nyeusi na nyeupe, uliyopewa na fundi mmoja Mchina wa barabara ulipokuwa bawabu wa kambi ya mafundi hao. Haikuwa na maandishi ya tafsiri. Hukujua neno hata moja la Kikantoni, nasi hatukujua.

Hata hivyo uliitafsiri. Alasiri za siku ya soko la mifugo sebule yetu ilijaa majirani, ukasimama kando ya runinga na fimbo yako. Kijana anapiga magoti mbele ya baba yake, anainamisha kichwa. Ulisema anasalimia, anangoja kuguswa kichwa kama watoto wetu wanavyoguswa na wazee. Mzee anageuka bila kumgusa. Chumba kizima kiliguna.

"Amekosea nini?" aliuliza jirani yetu, Mama Nashipae.

"Ameuza ng'ombe bila kumwambia mzee."

"Na vile wanaishi ghorofani, ng'ombe walikuwa wanalala wapi?"

"Mama Nashipae, kwani wewe ulifika huko lini?"

Kisha nikaajiriwa gazetini, nikapata nakala ya filamu hiyo yenye maandishi ya Kiingereza. Nilipokuja likizo nilikukatiza mbele ya watu wote. "Hapana, Baba. Huyo anaomba ruhusa aoe mwimbaji. Hakuna ng'ombe." Nilikuwa sahihi. Walicheka. Ulinipa fimbo, ukasema, "Basi endelea wewe. Wewe ndiye umesoma."

Niliendelea. Niliweka nakala yangu, nikatafsiri kila mstari bila kuongeza neno. Filamu haijafika nusu, watu walikuwa wameanza kuaga.

Hukuitafsiri tena. Mama Nashipae alikuomba mara mbili nikiwepo, ukamjibu, "Muulize mwandishi." Nilikuja nyumbani kila Krismasi baada ya hapo na sikukuomba radhi, kwa sababu nilipoyapitia maneno yangu sikuona kosa.

Kazini, kosa husahihishwa mahali lilipofanyikia. Kwa hiyo Jumamosi hiyo niliwaita majirani, wakaketi sebuleni, nikawaambia kwamba siku ile nilimwaibisha baba yangu nyumbani kwake, mbele ya wageni wake.

Mama Nashipae alinisikiliza hadi mwisho.

"Sawa," alisema. "Lakini sisi hukutukosea."

Pumzika, Baba.

Binti yako wa kwanza