Namba Moja Chini ya Rangi

Makambako, Jumanne, Julai 1959

Ukungu haujaondoka tangu asubuhi, na baridi inauma vidole. Mimi nina raha.

Kama raha hii ni dhambi, nitatubu Jumapili. Kesho kwanza ipite.

Mwaka jana gari la Bwana wa shamba la chai Njombe lilionekana lina ufa ubavuni. Bodi yake si bati, ni faibaglasi. Haibonyei, hupasuka. Fundi mkuu wetu akaapa mbele ya karakana nzima kwamba mimi ndiye niliyeigonga kwa nyundo. Nikanyang'anywa kazi ya kupaka rangi, nikatupwa kwenye vumbi, kukwangua rangi kwa mchanga na upepo wa kompresa. Hata mke wangu aliniuliza kwa sauti ndogo, "Baba Tumaini, kweli hukuigonga?"

Hilo sijalisamehe.

Jana gari lilirudi, Bwana anataka rangi yote itolewe. Fundi mkuu akaniambia, "Tumia mchanga, presha yote, umalize upesi." Nikashangaa. Mchanga hula nyuzi za faibaglasi, na yeye mwenyewe ndiye aliyenifundisha hivyo. Nikajua ana lake jambo.

Leo alipokwenda Njombe kufuata vipuri, nikatia kwenye mashine magunzi ya mahindi yaliyotwangwa na kuchekechwa badala ya mchanga, nikapunguza presha, nikasimama mbali. Rangi ikatoka polepole, kwanza ya kijani, kisha ya kijivu. Hasira yangu nimeilea mwaka mzima, sikuona haja ya kuharakisha.

Ubavuni nikakuta kiraka cha kitambaa cha ovaroli, kimegandishwa kwa gundi. Juu yake kuna wino mweusi.

Namba 1.

Ovaroli zetu zote zina namba. Yangu ni 7. Namba moja ni ya fundi mkuu. Kumbe aliupasua yeye, akauziba kwa siri chini ya rangi, na ufa ulipojitokeza tena akanisingizia mimi.

Nikamwita karani wa karakana aje aone kabla mtu hajakifunika.

Saa tisa fundi mkuu akarudi, akaona. Mtu ambaye hata salamu yangu haitikii, leo ananisalimu kwa kilugha na kuniita ndugu!

"Kamwene, mnyalukolo. Pitisha mchanga hapo kidogo, tusaidiane. Nina watoto."

"Na mimi ninao, fundi."

Akafunika namba ya ovaroli yake kwa kiganja. Nakiri, nilimtazama kwa furaha.

Kesho Bwana anakuja. Lakini kabla yake, asubuhi, nitapita karakana na mke wangu. Kusoma hajui. Namba moja anaijua.