Usiwatume Wazee Kandara Tena

Komarock,
Nairobi.
8 Septemba 1996.

Mpendwa kaka Kiema,

Pokea salamu nyingi kutoka kwangu na kwa watoto. Huko Lusaka mnaendeleaje, wewe na wifi Kanyiva? Kile kikohozi chako kimepoa, au vumbi la kupiga msasa vinyago bado linakusumbua? Sisi hapa ni wazima wa mwili. Mengine utayasoma mwenyewe, ila nakuomba uketi kwanza.

Barua yako ilinifikia Jumanne. Nilifurahi kuuona mwandiko wako mbaya ule ule, kisha nikasoma na furaha ikaniisha. Unasema hupati usingizi kwa kuwa ni wewe uliyemharibu mdogo wetu Nzuki kwa ile televisheni na deki ya video uliyomletea Krismasi ya mwaka juzi. Tena unasema utamwagiza baba mdogo Nzau awachukue wazee waende Kandara mwisho wa mwezi huu, wamrudishe Waruguru kwa mumewe, na mbuzi utanunua wewe. Ndiyo maana nimeshika kalamu haraka hivi. Usiwatume, kaka.

Wewe ulikuwa mbali, kwa hiyo acha nikueleze tangu mwanzo. Nzuki alipopigwa kalamu kule kiwandani alikokuwa akiendesha lori, alikaa nyumbani mchana kutwa bila la kufanya. Akawa anaazima kanda za picha za ngumi kwa majirani na kuziangalia tangu asubuhi. Akaanza kutembea kama watu wa kwenye picha, mabega juu, na kumjibu mkewe kwa maneno yao. Siku moja kabla ya Pasaka alimpiga Waruguru, mpaka akambeba mtoto akakimbilia kwao Kandara.

Sote tukasema ni video. Mama alisema hivyo, mchungaji akahubiri hivyo, na Nzuki mwenyewe akalidaka neno hilo kama mtu aliyetupiwa kamba kisimani. "Si mnaona vile hizo picha zilinibadilisha," akatuambia, huku machozi yanamtoka. Nilimbeba mgongoni yule, unakumbuka, na ilikuwa rahisi zaidi kuchukia deki. Nilifarijika kabisa.

Basi tulipokwenda Kandara mwezi wa Juni kuomba mke arudi, tulifanya jambo ambalo sijawahi kulisikia kwa Wakamba wala kwa Wakikuyu. Pamoja na mbuzi na sukari, tulibeba deki imefungwa kwa blanketi, na katoni ya kanda. Baba mdogo Nzau akaiweka uani mbele ya mzee Mbugua, babake Waruguru, akasema kwa sauti kubwa, "Adui ndiye huyu, tumemleta." Kanda zikachomwa nyuma ya jiko, hata zile za kuazima. Moshi ulikuwa mweusi na tukakohoa sote.

Mamake Waruguru aliuliza swali moja tu. "Na hii mashine iko na mikono?" Mchungaji akacheka, akaanza maombi, na mama wa watu hakujibiwa. Jioni tukarudi na Waruguru na mtoto. Deki mchungaji aliichukua, eti itaonyesha mahubiri kanisani, na televisheni ikaja kwangu. Iko hapa sebuleni, nimeifunika kitambaa.

Kwa Nzuki hakukubaki hata redio. Nilikuwa nikipita pale nikitoka kazini, nikiona wametulia, namshukuru Mungu. Mwezi uliopita, Jumapili asubuhi wakijiandaa kwenda kanisani, makaa ya pasi yalizimika kabla shati lake halijanyooka. Ni hilo tu, kaka. Pasi. Alimpiga kofi moja la sikio, upande wa kushoto, damu ikatoka. Daktari amesema sikio hilo halitasikia tena. Alipotoka hospitali Waruguru alimchukua mtoto, akarudi kwao.

Aliyempeleka hospitali ni jirani yao Javan, yule fundi viatu, pamoja na mkewe Adoyo. Nilimuuliza Javan kama yeye anaamini ni picha. "Dada, hizo kanda mlichoma zilikuwa zangu," akaniambia. "Mimi huona picha kama hizo kila siku na sijawahi mgusa Adoyo. Lakini pia siwezi kukudanganya ati hazifanyi kitu. Watoi wa hii ploti wanarushiana mateke juu ya hizo picha."

Tangu hapo nawaza na sipati mwisho wake. Mimi mwenyewe nikiziona moyo hunienda mbio, kwa hiyo siwezi kusema ni maziwa yasiyodhuru mtu. Huenda zilimfundisha Nzuki namna ya kusimama na kunyanyua mabega. Lakini ule mkono alikuwa nao tayari, na nimekuja kujua umetoka wapi.

Nilikwenda nyumbani kumweleza mama. Unajua tunavyoongea naye, lazima ukae kulia kwake. Nilipofika kwenye habari ya sikio, akaacha kuchambua maharagwe. Mimi na wewe tuliambiwa surua ndiyo iliyomziba sikio kabla hatujazaliwa, na wanangu nimewaeleza hivyo hivyo. Mama akalishika lile sikio lake la kushoto, akasema, "Haikuwa surua." Kisha akasema nisimlaumu baba, kwani ni marehemu, akaendelea na maharagwe yake.

Nimelia sana tangu siku ile. Baba alikufa kabla stima haijafika kijijini kwetu. Hakuwahi kuona televisheni maishani mwake. Kanisani alikuwa mpole, na wewe uliyekaa karibu naye kujifunza kazi unajua hakuna aliyechonga twiga wazuri kama wake. Yeye alionyeshwa na nani?

Kwa hiyo deki yako itoe moyoni, kaka. Unaumia bure kwa ajili yake. Baba mdogo hawezi kwenda Kandara bila neno lako, wewe ndiwe kifungua mimba wetu. Mwandikie sasa hivi umwambie akae. Safari hii hatuna hata kanda za kuchoma, na tukimrudisha Waruguru tutakuwa tumelipeleka sikio la pili.

Usidhani nimemtupa Nzuki. Jana nilimpelekea chakula. Analia kama mtoto na kuapa upya, na mimi nampenda, lakini kiapo chake sitambebea mpaka kwa wakwe. Ajifunze kwanza kuishi na hasira zake akiwa peke yake. Nimemwomba Javan awe anamtembelea jioni, naye amekubali.

Mama anakusalimu, anauliza lini utakuja. Mwanangu Mwongeli anakusalimu, siku hizi ananizidi urefu. Baba mdogo Nzau angekusalimu kama angejua nakuandikia.

Ndindi mdogo naye anakusalimu, yule binti wa Nzuki aliyepewa jina la mama. Juzi nilikwenda Kandara peke yangu kuwaona. Waruguru alikuwa ameinama anaosha vyombo, na mtoto akataka maji. Alimzunguka mama yake kwanza, mpaka akafika upande wa kulia, ndipo akamwita. Hakuna aliyemfundisha, kaka. Ndivyo tulivyokuwa tukifanya mimi na wewe.

Mungu akutunze wewe na Kanyiva, na mikono yako iwe ya kuchonga.

Wako akupendaye,
dada yako Ndinda.