Asilimia Sitini ya Orawan

Ban Nam Khao,
Nakhon Si Thammarat.
12 Februari 2016.

Mpendwa dada yangu Chaluai,

Pokea salamu zetu nyingi. Kifua chako kinaendeleaje na huo moshi wa Bangkok? Usiache tangawizi, nakuomba. Sisi tu hai. Bega langu tangu nianguke shambani halijarudi sawa, ndiyo maana mwandiko umepinda hivi.

Dada, habari si nzuri. Orawan hataweza kuja kwako Mei kuanza shule ya juu. Hataruhusiwa kufanya mtihani.

Unajua tangu niumie ndiye anayegema safu zangu za miti ya mpira. Anatoka na baba yake kabla ya mapambazuko, siku nyingine wakirudi shule imeshaanza, basi haendi. Mwezi jana mwalimu akamwita Prasong, akamwambia mtoto amefikisha asilimia sitini ya siku za muhula mzima. Mume wangu akashukuru, akarudi anacheka. "Mama Orawan, binti yako mzito! Utomvu wetu hata arobaini haujawahi kufika!" Nami nikafurahi. Sisi asilimia tunaijua kwa mnunuzi tu, akipima mpira uliomo na maji yaliyomo. Ukipata thelathini na tano unashukuru. Orawan alipouliza, baba yake akamjibu, "Mwalimu kakusifu." Basi mvua zilipokatika tukamweka shambani wiki mbili nzima, tuwahi kabla majani hayajapukutika na kugema kusimama.

Juzi anamenya vitunguu, nikamtania, wewe wa sitini usituringie. Akaweka kisu chini. "Sitini ya nini, mama?"

Nikamweleza. Akachukua penseli. Amehudhuria siku hamsini na nne, akasema. Kama hizo ndizo sitini katika kila mia, unazigawa kwa sitini, unazidisha kwa mia, unapata muhula mzima, siku tisini. Mtihani unataka asilimia themanini, yaani siku sabini na mbili. Zimepungua kumi na nane, na zilizobaki ni kumi na moja tu.

Siku baba yake alipoitwa zilikuwa zimebaki ishirini na moja. Zingetosha.

Jana Prasong alikwenda kumwomba mkuu wa shule. Kaambiwa sheria ni ya wote, mtoto arudie mwaka.

Orawan hakulia, na hilo ndilo linalonitisha. Leo kavaa sare kaenda. Nikamwuliza anakwenda kufanya nini. "Kusoma, mama. Kwani nyie mlidhani nafuata mtihani tu?" Baba yake sasa anakaa peke yake jikoni, hathubutu kumtazama. Mtoto anampelekea samaki, anarudi na sahani haijaguswa.

Ukijibu, dada, barua iandike kwa jina la Prasong, si langu. Wewe ndiye mkubwa wetu. Mwambie hujamkasirikia, hata kama umekasirika.

Nisalimie shemeji Wichit na mama mkwe wako, Bi Lamom. Wema wa Bwana Buddha uwafunike nyote, mlale salama.

Ni mimi mdogo wako nikupendaye,
Phensri