Kisanduku cha Msimamizi

Jumatatu, 9 Juni
Dawa mbili, uji nusu kikombe. Baridi ya Mbinga imeingia mifupani. Katibu wa chama chetu cha kahawa kaja na katiba mpya. "Shikamoo bibi. Saini hapa tu, kwamba muundo ni uleule wa waasisi." Nikautazama. Visanduku na mishale, mwenyekiti juu. Nilichora mimi, chama kilipoanzishwa. Sikusaini.

Jumatano, 11 Juni
Niandike kabla pumzi haijakatika. Nilisomea uongozi wa vyama vya ushirika, nikaufundisha. Vitabu vilisema kila kazi ina mkubwa wake. Kwenye mashine yetu ya kumenya kahawa walikuwapo wanawake saba, hawana mkubwa. Zamu walipanga kwa kukaa pamoja: mwenye kahawa iliyoiva sana kwanza, mfiwa kabla ya wote. Hakuna kahawa iliyochacha. Nilikaa nao msimu mzima, nikaona. Halafu nikachora kisanduku cha msimamizi, nikamweka kaka yangu. Wale saba sikuwachora kabisa. Nilijua ni uongo. Niliona aibu kupeleka makao makuu mchoro usiofanana na wa kitabuni.

Alhamisi, 12 Juni
Msimamizi sasa ni mtoto wa kaka. Rafiki zake wanamenya kwanza. Kahawa ya wajane inaozea kwenye magunia. Leo kaja amefura, kasikia sikusaini. "Shangazi, unataka kunivua nguo mbele za watu?" Nikamwambia nilimvisha mimi.

Ijumaa, 13 Juni
Padre kaniletea komunyo. Anasema Mungu ameshasikia, nipumzike. Mungu si mwanachama. Kesho wanachama wanaipigia katiba kura; nitakwenda mkutanoni.

Jumamosi, 14 Juni
Nilifungwa kwa kitenge mgongoni mwa dereva wa pikipiki, kama mtoto mchanga. Nimeungama yote mbele ya wanachama, nimeketi, sauti inakatika. Wengine walicheka. Katibu akauliza: "Sasa bibi, kwenye zamu tumwandike nani?" Mwanamke mmoja wa mashine, kutoka nyuma: "Tuandike wote, wino si upo?" Kura zikapigwa. Kisanduku kimefutwa. Mtoto wa kaka katoka bila kuniaga. Aende.

Jumatatu, 16 Juni
Sijanyanyuka kitandani. Kaja Mama Nombo wa kwenye mashine. Marehemu mama yake alikuwa mmoja wa wale saba. Kasema mama yake alinitetea mpaka anakufa: yule dada hakujua, alifuata vitabu tu. Kapasha maji, kanifuta miguu, akawahi zamu.