Mashine Yangu Siiachi, Posa Irudi

Chuno, Mtwara
Jumapili mchana

Shikamoo Baba,

Ugonile, salamu yetu ya nyumbani. Naomba Mungu barua hii ikukute umekaa barazani na redio yako, na ule mguu wa kulia usiwe unakusumbua sana kwa baridi ya Tukuyu. Mama naye shikamoo. Mwambie nimeuliza kifua chake kabla ya kuuliza jambo lingine lolote. Mimi mzima kabisa. Joto la huku limenikausha kidogo lakini nakula na nalala, na kazini tangu msimu wa korosho ufunguliwe malori yamejipanga mpaka barabarani, na kila dereva anadai yeye ndiye aliyetangulia kufika mizani.

Najua utashangaa kupata barua wakati simu ipo. Kwenye simu hunisikilizi, Baba. Unasema "ndiyo, mama, ndiyo, mama," halafu unampa Mama, na Mama anaweka sauti kubwa mpaka shangazi anayechambua maharage uani anachangia. Karatasi haina wa kuidakia. Tena jambo lenyewe lilianza kwa barua, basi acha na jibu lake liwe barua. Nakuomba uisome mpaka mwisho, ndipo ukasirike.

Nazungumzia posa ya Ezekia. Wewe unamjua kuliko mimi, kwa kuwa ni mtoto wa rafiki yako mliyeendesha naye malori miaka yote ile. Hapa Mtwara tumekutana ukubwani, yeye ofisini kwake mjini, mimi bandarini kwenye mizani. Akanipenda, na mimi sikumkataa. Akaandika barua ya posa, mshenga akaileta nyumbani, mkaipokea, mkamwambia aje kuchukua jibu Jumamosi ya wiki ijayo. Hapo sina neno. Lakini wiki iliyopita ulinipigia ukanieleza mambo mawili: kwamba nyumba nzima inafurahi, na kwamba Ezekia amelalamika kwa mshenga kuwa nacheza gemu, kwa hiyo niache. Ukasema, umri huo, Neema, bado gemu?

Ndiyo, Baba. Nina miaka thelathini na sita, malori ya nchi nzima hayatoki getini bila sahihi yangu, na nacheza gemu. Wanaume wa pale bandarini wanacheza drafti kwa vifuniko vya soda tangu saa saba mpaka saa tisa, wanagombana kama watoto wa chekechea, na hakuna aliyewahi kupelekewa malalamiko kwa baba yake. Mimi nikitoa mashine yangu nusu saa ya chakula, nikakaa kwenye kivuli cha kontena bila kumsumbua mtu, nimeharibikiwa.

Na nani alinifundisha? Nisikukumbushe? Ni wewe ulirudi safari ya Tunduma na ile mashine ya kijivu ya kushika mkononi, inayokula betri nne za tochi, na kaseti moja tu ndani yake: ule mchezo wa kushuka mgodini ghorofa mia. Mvua ya Tukuyu ikinyesha siku tatu mfululizo, tulikuwa tunakaa karibu na moto, unacheza wewe, halafu nacheza mimi. Ukaweka sheria kwamba ukifa umekufa, unarudi juu, hakuna kulia. Mashine ile kioo kilikufa zamani, mistari mitupu. Kaseti nikabaki nayo. Ndani mna kibetri cha duara kama cha saa ya mkononi, ndicho kinachotunza majina yetu na mahali kila mmoja alipofika. BABA, ghorofa ya themanini na moja. NEEMA, ya sitini na nne.

Sasa sikiliza nilivyofanya, maana Ezekia ameieleza kana kwamba ni uganga. Mwaka jana nilinunua mashine mpya kidogo, iliyotumika, kwa fundi simu wa hapa Chuno. Hiyo imefungwa kiwandani isipokee michezo ya zamani. Lakini wako watu huko duniani, wapenzi wa michezo kama mimi, wamekaa majumbani mwao wakaandika programu zao wenyewe na kuzigawa bure. Ukiziweka kwenye kadi ya kumbukumbu, mashine mpya inajifanya ile ya zamani. Ni kama wewe ulivyokuwa ukifunga springi za gari la watu wengine kwenye lori lako, na lori linapanda mlima. Kaseti niliisomesha kwa kidude maalumu kinachochomekwa kwenye kompyuta, pale stationery, mchezo na majina yake vikahamia kwenye kadi. Siku nilipouwasha na kuona BABA pale juu, Baba, nilicheka peke yangu kama mwehu.

Mchezo unatokea mdogo katikati ya kioo, pembeni pote peusi. Ningeweza kuutanua, nimekataa. Programu hizo pia zinaruhusu kuhifadhi popote unapotaka, hata ukikaribia kufa, ili uanzie hapohapo. Hiyo nayo nimekataa. Nimecheza kwa sheria yako. Mwezi wa nane nilifika ghorofa ya tisini na saba, hatua tatu tu nimalize, na wala sijawahi kukwambia.

Basi Bi Somoe, mwenye nyumba wangu, akaniomba nimsindikize Kilambo kumpokea dada yake anayevuka kutoka ng'ambo ya Ruvuma. Safari ya siku mbili. Ezekia akaja tuagane, akasema yeye atabaki na mashine, ajifunze kidogo ajue ninachopenda. Baba, nilifurahi, sikufichi. Nilimwandikia maelekezo kwenye karatasi, kitufe hiki kinaruka, hiki kinachimba. Nikamfungulia na nafasi yake katika mchezo, ya tatu na ya mwisho, nikaandika EZEKIA. Njia nzima ya Kilambo namsimulia Bi Somoe kwamba nimepata mwanaume anayetaka kucheza na mimi.

Niliporudi alinikabidhi mashine mbele ya baraza, imepanguswa inang'aa. Nikaiwasha. Kweupe, hakuna kitu. Alikuwa ameiunganisha na mtandao ikajisasisha yenyewe, zile programu zote zikafungiwa nje, halafu kadi akaifuta yote. Hakubahatisha, Baba, wala hakubonyeza vibaya. Alimuuliza fundi namna ya kufanya, na fundi mwenyewe ameniambia.

"Nimekusafishia," akasema. "Sasa ni kitu cha heshima, hata mgeni akikiona."

Nikamuuliza na majina yetu. Akauliza majina gani. Nikasema la baba yangu, na langu, na lako. Akacheka, akaniambia nisimfanye aone aibu, yeye ni mtu mwenye nafasi mjini, na mkewe hawezi kukutwa chini ya kontena anabonyezabonyeza.

"Ukiingia kwangu, Neema, hivi vitu vinabaki mlangoni."

"Basi na mimi nabaki mlangoni," nikamjibu, na nikaingia ndani kwangu, nikamwacha pale nje na shati lake jeupe.

Roho iliniuma, tena sana. Lakini nikajifariji, kaseti yenyewe ipo, Bi Somoe amenitunzia, kwa sababu chumba changu kinavuja pembeni na mende ni wengi. Nikamwendea anitolee. Akafungua sanduku lake la nguo, akatoa kopo. Baba, lilikuwa kopo la salfa. Salfa ni ule unga wa njano wanaopulizia mikorosho isishikwe na ukungu, huku kila mwenye shamba anao. Alikuwa amelikung'uta tu, akatia kaseti yangu ndani, akafunika vizuri, tangu mwaka jana. Nikaitazama kaseti, yale meno yake ya shaba yamekuwa meusi tititi, yameliwa.

Nikakaa chini sakafuni. Bi Somoe akaniuliza kuna nini, nikamweleza kwamba salfa inakula shaba. Akashika kichwa. Mama wa watu alikuwa amefikiri vizuri kabisa kwa akili ya hapa: dawa inayomaliza ukungu kwenye mikorosho, itashindwa mende wa Chuno? Machozi yakamtoka. Akanishika mkono, akasema, "Nimekuulia ya baba yako, mwanangu."

Nikamwambia bado, tusubiri. Kesho yake Jumamosi tukakaa uani wawili, mimi na ufutio wa penseli, yeye na pamba na spiriti ya duka la dawa. Nafuta jino moja moja taratibu, yeye anapangusa. Akafunga kitenge vizuri, akavaa miwani yake ya kushonea, na kila jino likitoa rangi ya shaba anasema "haya." Dada yake wa ng'ambo alituletea mihogo ya kuchemsha, hakuelewa tunaosha nini, lakini naye akakaa kutuangalia. Tulifuta mpaka adhuhuri ilipoadhiniwa, Bi Somoe akaenda kuswali, akarudi tukaendelea.

Mchana tukaenda stationery wote watatu. Mara ya kwanza kidude hakikusoma. Mara ya pili kikasoma takataka. Bi Somoe akaitoa kaseti mwenyewe, akaifuta tena kwa upindo wa kitenge, akaichomeka. Ya tatu ikasoma. Majina yalikuwepo, Baba. Lako liko ghorofa ya themanini na moja kama ulivyoliacha. Langu limerudi sitini na nne, maana zile thelathini na tatu nilizoshuka mwaka huu zilikuwa kwenye kadi tu. Safari hii nimehifadhi nakala nne, moja iko kwa Bi Somoe, lakini si kwenye kopo. Na ile mashine, ingawa imejisasisha, nimehangaika nayo wiki mbili kila nikitoka kazini, nikapata njia nyingine ya kuzirudisha programu. Kila nilipokwama nilikuwa namwona Ezekia na shati lake, nikaanza upya.

Sasa pima mwenyewe. Watu wawili wameniharibia kitu kilekile. Bi Somoe aliharibu akilinda, akalia, akakaa nami kutwa kurekebisha. Ezekia aliharibu akijua, akacheka, akasubiri shukrani. Leo ni gemu. Kesho atafuta namba za wenzangu kwenye simu, kesho kutwa ataniambia kazi ya mizani si ya mke wa mtu, na kila mara atasema ananisafisha. Nilipomsimulia Bi Somoe maneno yake ya mlangoni, alisema, "Huyo si nchumba, mwanangu. Huyo nkaguzi." Sijasikia mtu akilisema vizuri zaidi.

Kama angeniambia tu kwamba hapendi gemu, tungeongea. Watu hawapendi mambo mengi na wanaishi pamoja. Mama hapendi redio yako mpaka leo. Lakini hajawahi kuipasua kisha akakwambia amekusaidia.

Najua umeshampa rafiki yako matumaini, na itakuwa vigumu kukaa naye benchi moja kanisani. Aibu hiyo nirushie mimi, mwambie binti yangu ni mkaidi, hataki kusikia. Nitaibeba. Najua pia utasema umri umekwenda, nani mwingine atakuja. Asipokuja mtu, Baba, nitakaa Chuno na kazi yangu na kaseti yangu, na sitamlilia mtu. Sikuzaliwa nisubiri kusafishwa. Na kama kosa ni gemu, basi kosa ni letu wawili, maana ni wewe uliyeniambia ukifa unarudi juu bila kulia. Ghorofa thelathini na tatu zimefutwa, na nimeshaanza kuzishuka tena.

Nisalimie dada yangu mkubwa na watoto wake, waambie mashine nitakuja nayo Krismasi, lakini wanaojua kunawa mikono tu. Nisalimie shangazi wa maharage, najua mmemsomea barua hii yote, na mwambie sijamkasirikia. Nisalimie mzee wa kanisa, jirani yetu wa chini. Mama mwambie asilie, aniombee tu. Bi Somoe na dada yake wanawasalimu sana, wanasema Baba wa Neema akija Mtwara atapikiwa pweza.

Ndani ya bahasha utakuta karatasi ya pili, fupi. Hilo ndilo jibu la mshenga. Nimeliandika kwa mkono wangu, kwa heshima, bila tusi lolote, kwamba posa tunairudisha na tunawashukuru. Chini nimetia sahihi yangu, na kando yake nimeacha nafasi ya yako. Nitafurahi ukisaini, Baba, nitafurahi kuliko unavyodhani. Ila mshenga akija Jumamosi na nafasi bado iko tupu, mpe hivyohivyo. Sahihi moja inatosha.

Binti yako asiyesafishika,
Neema